Tabibu Aliyetia Bustani Ndani ya Chupa

Katika kurasa kama huu tumezoea kusoma habari za wafalme, mashujaa na malenga. Leo nitasimulia maisha ya tabibu mmoja wa Kiingereza. Jina lake si la kutajwa sana barazani, lakini kazi yake imegusa hata kikombe chetu cha chai.

Nathaniel Bagshaw Ward alizaliwa London mwaka 1791, mwana wa tabibu. Alipokuwa na umri wa miaka 13 alisafiri kwa merikebu mpaka Jamaika, na mimea ya huko ikamteka moyo. Aliporudi alishika kazi ya babake, akatibu watu wa Wellclose Square, karibu na gati za London. Mtaa ule ulifunikwa na moshi wa makaa ya mawe. Ward alipanga mawe uani, akayatilia maji ya kudondoka, akapanda makangaga na kuvumwani, yaani ule ujani mfupi kama zulia unaoshika mawe yenye unyevu. Moshi ukaua vyote.

Mwaka 1829 alifukia kifukofuko cha nondo katika udongo wenye maji ndani ya chupa, akaifunika, akingoja nondo atoke. Kabla ya nondo, pakachipua kangaga na unyasi. Ward akachunguza. Mchana joto lilipandisha unyevu, ukagusa kioo, ukawa matone, kisha ukarudi udongoni. Ilikuwa mvua ndogo, kwa kudura ya Mola, ndani ya chupa. Mimea ile iliishi karibu miaka minne bila kunyweshwa.

Mimi nakaa Amagoro, karibu na Malaba, mpakani mwa Kenya na Uganda, na ninatunza kuvumwani kwa njia hiyohiyo. Chini ya chupa natia changarawe na mkaa kidogo, kisha udongo haba. Kuvumwani naichuna ukutani kwangu penye kivuli. Mawe ya Kakapel yenye michoro ya kale siyagusi. Mmea huu hauna mizizi ya kunyonya, bali hunywa kwa vijani vyake. Kwa hiyo maji ya mvua yautosha, na mbolea hauitaki. Kioo kikishinda na ukungu kutwa nzima, nafunua kidogo. Juani siuweki, kwani chupa hugeuka tanuri.

Watu wa pwani wanajua thamani ya mche uliovuka bahari. Karafuu ililetwa Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, kabla ya chupa ya Ward, na zama hizo miche mingi ilikufa njiani kwa chumvi na kiu. Mwaka 1833 Ward alipakia masanduku mawili ya vioo katika merikebu ya nahodha Charles Mallard iliyokwenda Australia. Mimea ikafika hai. Merikebu ikarudi na mimea ya Australia, nayo pia ikafika salama.

Baada ya hapo dunia ilibadilika. Kwa masanduku hayo Robert Fortune alihamisha miche ya chai kutoka China hadi India. Mti wa kwinini, dawa ya malaria, ukavuka bahari. Mbegu za mpira zilizotolewa Brazil mwaka 1876 ziliota Kew, London, na miche yake ikapelekwa Ceylon.

Neema hiyo ilikuja na dhuluma. Wakoloni walijaza miche ile katika mashamba makubwa, wenyeji wakapokonywa ardhi, na vibarua wakatoka jasho kwa ujira duni. Tena udongo wa masanduku ulibeba wadudu na maradhi ya mimea. Ndiyo maana leo hapa Malaba na Busia maofisa hukagua miche kabla haijavuka mpaka.

Ward mwenyewe hakutamani mashamba. Alitaka maskini wa London, waliobanwa katika vyumba vya giza, wapate ujani mbele ya macho yao, na katika kitabu chake cha mwaka 1842 aliwatetea. Alifariki mwaka 1868.

Kwa maoni yangu lawama haimwangukii yeye. Elimu ni amana: aliyeigundua ataulizwa nia yake, na kila aliyeipokea ataulizwa ameitumiaje.