Zoltán Latinovits: Msanifu majengo aliyegeuka mfalme wa jukwaa Hungary

Ukitaja mwigizaji bora wa Hungary karne iliyopita, wengi kule watakutajia jina moja tu: Zoltán Latinovits. Na hakuwa na shahada ya uigizaji.

Alizaliwa Budapest, Septemba 9, 1931. Babu yake mzaa mama, Károly Gundel, ndiye aliyekuwa na mgahawa maarufu kuliko yote mjini. Mwaka 1949 serikali ya kikomunisti ikautaifisha. Kijana wa familia ya namna hiyo hakuangaliwa kwa jicho zuri enzi zile. Akasomea usanifu majengo, akamaliza 1956, halafu akaweka michoro pembeni na kwenda kuanza jukwaani Debrecen, mbali na mji mkuu.

Kutoka hapo akaenda Miskolc, kisha Budapest kwenye ukumbi wa Vígszínház. Huko alicheza Romeo, na Juliet wake alikuwa Éva Ruttkai, nyota wa wakati ule. Nje ya jukwaa pia walikuwa wapenzi, mpaka mwisho.

Filamu ya kuanza nayo? Mimi ningekwambia Isten hozta, őrnagy úr! ya 1969, mchezo aliokuwa tayari ameucheza jukwaani 1967. Ni wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Latinovits ni meja aliyechoka akili, anakuja kupumzika kijijini kwa familia ambayo mtoto wao ni askari wake huko vitani. Basi wanamnyenyekea kwa kila kitu ili amtunze kijana wao. Hataki kulala, anawakesha usiku kucha wakikunja maboksi. Utacheka sana. Kumbe mtoto ameshakufa, na tarishi ameificha barua ya msiba kwa kuwahurumia.

Miaka miwili baadaye ikaja Szindbád, ya mwongozaji Zoltán Huszárik. Humo kuna tukio la mgahawani ambalo Wahungary hawalisahau: anakula taratibu, anagonga mfupa uboho utoke, huku anapiga stori na mhudumu. Mjukuu wa Gundel, chakula alikijua.

Shida yake ilikuwa mdomo. Uzembe jukwaani hakuuvumilia, na wakubwa wa sanaa hakuwaogopa. Aligombana na watu wengi, milango ikaanza kufungwa. Alitaka sana kuongoza michezo mwenyewe, na nafasi akaipata Veszprém, mji mdogo, ambako mwaka 1971 aliongoza Győzelem ya László Németh. Mwaka 1973 akatoa kitabu, Ködszurkáló, akiuchana mfumo mzima wa maigizo wa nchi yake. Unaweza kukisia kama kilimwongezea marafiki.

Juni 4, 1976, treni ilimgonga Balatonszemes, kando ya Ziwa Balaton. Alikuwa na miaka 44. Wapo wanaosema alijiua, wapo wanaosema ajali, na ubishi huo haujaisha. Mshairi Attila József, ambaye Latinovits alizoea kughani mashairi yake, naye alifia kwenye reli ya ziwa hilohilo, mwaka 1937.

Tuzo ya Kossuth, kubwa kuliko zote za sanaa nchini humo, alipewa mwaka 1990, miaka 14 baada ya kuzikwa. Éva Ruttkai hakuwahi kuiona siku hiyo, alifariki 1986. Wamelala pamoja makaburi ya Farkasrét, Budapest.