Harry Thuku: Aliyeadhibiwa kwa maneno bila kufikishwa kortini

KILA mjadala kuhusu matamshi ya chuki unapozuka nchini, ni vyema kuyakumbuka maisha ya marehemu Harry Thuku, mmoja wa Wakenya wa kwanza kuadhibiwa na serikali kwa sababu ya ulimi wake.

Thuku alizaliwa Kambui, Kiambu, mwaka wa 1895 na kusomeshwa na wamisionari. Jijini Nairobi alifanya kazi katika kiwanda cha kuchapisha gazeti la walowezi, kisha akaajiriwa kuhudumia simu katika Idara ya Fedha.

Mnamo 1921, walowezi walipoazimia kupunguza mishahara ya Waafrika kwa thuluthi moja, aliongoza chama cha East African Association kilichounganisha wafanyakazi wa makabila mbalimbali. Mikutanoni alipinga kipande, kodi na kulazimishwa kwa wasichana kufanya kazi mashambani mwa Wazungu. Machifu na wamisionari nao hakuwaonea haya.

Serikali ilimwona kuwa hatari kwa amani na kumtia mbaroni Machi 14, 1922. Siku mbili baadaye umati ulikusanyika nje ya kituo cha polisi kudai aachiliwe. Risasi zilifyatuliwa. Serikali ilitaja vifo 21, ingawa wengine walihesabu zaidi. Mary Muthoni Nyanjiru, aliyewahimiza wanaume wasirudi nyuma, alikuwa miongoni mwa waliouawa.

Thuku hakushtakiwa. Kwa amri ya serikali alipelekwa uhamishoni Kismayu, na hakuachiliwa hadi mwishoni mwa 1930. Hakuna hakimu aliyepima iwapo alichochea ghasia au alisema ukweli mchungu tu.

Ajabu ni kwamba mtu huyo aliyeitwa hatari alipinga Mau Mau hadharani katika miaka ya 1950. Alifariki mwaka wa 1970.

Kifungu cha 33 cha Katiba ya 2010 kinalinda uhuru wa kujieleza, lakini hakimkingi anayeeneza chuki au kuchochea ghasia. Baada ya damu iliyomwagika 2007 na 2008, mpaka huo ni wa lazima. Hata hivyo, maisha ya Thuku yanatukumbusha kuwa mpaka huo huchorwa mahakamani, kwa ushahidi. Anayekosolewa akiwa ndiye hakimu, kila ukosoaji utaitwa uchochezi.