Jean Bosco Mwenda: Gitaa la Bunkeya

Septemba 1990, ajali ya gari nchini Zambia ilikatisha maisha ya Jean Bosco Mwenda, mwimbaji aliyekipa Kiswahili cha Katanga masikio ya walimwengu.

Alizaliwa mwaka 1930 Bunkeya, uliokuwa mji mkuu wa Msiri, mfalme wa Wayeke, ambao asili yao ni Unyamwezi. Kwa mkazi wa Mwansabombwe, huko ni ng'ambo ya Mto Luapula.

Mwaka 1952, Hugh Tracey, aliyezunguka Afrika akirekodi muziki wa wenyeji, alimkuta Jadotville, mji wa migodi ambao leo ni Likasi. Kijana huyo hakuwa na bendi, wala hakuihitaji. Kidole gumba kilishika besi, cha shahada kikapanda na kushuka juu yake, hata msikilizaji akadhani wapigaji ni wawili. Ndipo uliporekodiwa wimbo wa Masanga, uliomjengea jina.

Baadaye alikaa Nairobi kwa miezi kadhaa, akitumbuiza kutangaza vidonge vya Aspro. Ajabu ni kwamba dawa ya maumivu ya kichwa ndiyo iliyousogeza mtindo wake karibu na wapiga gitaa wa Kenya, nao wakauiga.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960, mtaalamu David Rycroft aliandika upigaji wake kwa noti na kuuchapisha. Mwaka 1969 Mwenda mwenyewe alipanda jukwaa la Newport, Marekani, kwenye tamasha la nyimbo za asili, akaimba kwa Kiswahili mbele ya watu ambao wengi wao hawakukielewa.