Tarehe 17 Januari: Tunamkumbuka Lumumba

Ndugu wakimbizi wenzetu, Patrice Emery Lumumba alizaliwa mwaka 1925 huko Onalua, Kasai. Alikuwa karani wa posta Stanleyville, kisha akauza bia Léopoldville, na mwaka 1958 akawa kiongozi wa chama cha MNC. Kongo ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960, yeye ndiye alikuwa Waziri Mkuu. Septemba akaondolewa.

Mwishoni mwa Novemba alitoroka kuelekea Stanleyville. Alikuwa amekwisha kuvuka mto Sankuru, lakini mkewe Pauline na mtoto wao walikuwa wamebaki ng'ambo. Akarudi, askari wakamkamata. Wanafunzi wangu huuliza kwa nini alirudi. Sisi tuliovuka ziwa na watoto hatuulizi.

Ipo filamu fupi ya siku zile: amefungwa mikono nyuma, askari anamvuta nywele. Yaliyofuata hayamo. Tarehe 17 Januari 1961 alipelekwa Elisabethville kwa ndege pamoja na Maurice Mpolo na Joseph Okito. Usiku huo walipigwa risasi, maofisa wa Kibelgiji wakiwapo. Miili iliyeyushwa kwa asidi. Jino lake moja Ubelgiji ililirudisha mwaka 2022, likazikwa Kinshasa.