Mzee Kawawa: Mtetezi wa wafanyakazi aliyegeuka mwajiri

KWA mtumishi wa umma aliyefanya kazi miaka mingi kwa mkataba, hakuna barua inayosubiriwa kwa hamu kama ile ya kuajiriwa kwa masharti ya kudumu na malipo ya uzeeni. Kilio hicho si kigeni nchini. Kilimfuata Rashidi Mfaume Kawawa karibu maisha yake yote, kwanza akiwa mdai, kisha akiwa kiongozi wa serikali iliyodaiwa.

Kawawa alizaliwa Mei 27, 1926 katika kijiji cha Matepwende, kilichokuwa wilayani Songea na ambacho sasa kimo wilayani Namtumbo, mkoani Ruvuma. Baba yake alikuwa mwindaji wa tembo.

Songea ya enzi hizo ilikuwa chimbuko la nguvukazi ya mashamba ya mkonge. Vijana waliandikishwa kuwa manamba na kupelekwa Tanga na kwingineko, wakafanya kazi kwa kipande, yaani kadi ya siku 30 za kazi. Mkataba ulipokwisha walirejea makwao bila pensheni, hata kama safari hiyo walikwishairudia mara kadhaa.

Yeye alipata bahati ya elimu. Alisoma Liwale, Dar es Salaam na Tabora, akawa karani wa hesabu katika Idara ya Kazi za Umma na baadaye ofisa wa ustawi wa jamii. Wakazi wengi wa mijini walimfahamu kwa sura kabla ya siasa, kwani aliigiza katika filamu ya Muhogo Mchungu.

Utumishi wa kikoloni ulikuwa na matabaka. Wazungu walikuwa juu, karani Mwafrika alikuwa chini, na chini yake zaidi alikuwapo kibarua wa kutwa. Kawawa aliongoza chama cha watumishi Waafrika wa serikali, TAGSA, akiwa rais wake. Mwaka 1955 lilipoundwa Shirikisho la Wafanyakazi Tanganyika, TFL, alikuwa Katibu Mkuu wake wa kwanza. Kwa ajili ya wadhifa huo aliacha kazi ya serikali. Aliachia ajira ya uhakika ili awatetee wasiokuwa nayo.

Januari 1962, Mwalimu Julius Nyerere alipojiuzulu uwaziri mkuu ili kukiimarisha chama cha TANU, Kawawa alishika nafasi yake. Sasa yeye ndiye aliyeongoza serikali, mwajiri mkubwa kabisa nchini.

Mwaka huo ilipitishwa sheria ya kiinua mgongo kwa wafanyakazi wanaoachishwa kazi. Lakini ikaja pia sheria iliyobana mno migomo na kuipeleka migogoro kwenye usuluhishi, na nyingine iliyowazuia watumishi wa serikali wa ngazi za juu kujiunga na vyama vya wafanyakazi. Baadhi ya wenzake wa zamani walipinga vikali. Mmoja wao, Victor Mkello, alipelekwa uhamishoni Sumbawanga mwaka 1963.

Baada ya maasi ya jeshi ya Januari 1964, viongozi wengi wa vyama vya wafanyakazi walitiwa kizuizini. TFL ikavunjwa na nafasi yake ikachukuliwa na NUTA, chama pekee kilichofungamana na TANU.

Mwaka huohuo ulianzishwa Mfuko wa Taifa wa Akiba ya Wafanyakazi, NPF, na ikatungwa Sheria ya Usalama wa Kazini, iliyopunguza uwezo wa mwajiri kumfukuza mtu apendavyo na kuzipa kamati za wafanyakazi nafasi ya kusikilizwa. Mfanyakazi alipata kinga ya ajira, lakini alipoteza chama chake huru cha kuidai.

Kawawa, aliyepewa jina la Simba wa Vita, alifariki dunia Desemba 31, 2009 jijini Dar es Salaam na kuzikwa Madale. Mjini Songea kuna makumbusho yenye jina lake.

Sheria ile ya mwaka 1964 ilifutwa na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, inayotambua mkataba usio na kikomo, wa muda maalumu na wa kazi maalumu. Anayesainishwa upya mkataba wa muda mwaka hadi mwaka, kwa kazi isiyokwisha, bado anadai kile ambacho karani wa Matepwende alikidai miaka ya 1950. Na maisha ya karani huyo yanaonyesha kwamba sheria nzuri pekee haitoshi, kama mfanyakazi hana sauti yake mwenyewe ya kuisimamia.