Mbaraka Mwinshehe: Nyota aliyeng'ara bila televisheni

MIAKA ya 1970, msikilizaji aliyeishi Tukuyu, katikati ya mashamba ya chai na migomba chini ya Mlima Rungwe, aliweza kuitambua sauti ya Mbaraka Mwinshehe mara tu redio ilipofunguliwa. Kuitambua sura yake lilikuwa jambo jingine. Dar es Salaam iko umbali wa zaidi ya kilomita 800 kutoka hapo, na Tanzania Bara nzima haikuwa na kituo hata kimoja cha televisheni.

Hali hiyo iliendelea hadi mwaka 1994, miaka 15 baada ya mwanamuziki huyo kufariki dunia. Kenya ilikuwa imeanza matangazo ya televisheni mwaka 1962, Uganda mwaka 1963, na Zanzibar ikafuata mwaka 1973 kwa matangazo ya rangi. Mbaraka alijijengea jina kwa njia ya masikio ya watu, wakati majirani wakiwa wamekwishaanza kuwatazama wasanii wao.

Mbaraka Mwinshehe Mwaruka alizaliwa Juni 27, 1944 katika kijiji cha Mzenga, eneo ambalo leo limo katika Mkoa wa Pwani. Mwaka huo huo ndio inaoelezwa kuanzishwa Morogoro Jazz, bendi ambayo miaka 20 baadaye ingemtoa kwa taifa.

Neno jazz katika majina ya bendi za enzi hizo halikuwa na uhusiano mkubwa na muziki wa Marekani. Lilimaanisha bendi ya dansi yenye magitaa, ngoma na ala za kupuliza, iliyopiga rumba, chacha na mitindo ya nyumbani. Karibu kila mji mkubwa ulikuwa na bendi ya namna hiyo.

Mbaraka alijiunga na Morogoro Jazz katikati ya miaka ya 1960. Wakati huo mji wa Morogoro ulikuwa umegawanyika kati ya mashabiki wa bendi hiyo na wale wa Cuban Marimba ya Salum Abdallah. Mwaka 1965 Salum Abdallah alifariki dunia kwa ajali ya gari, na mji ukabaki na pengo. Kijana wa Mzenga aliyepiga gitaa la solo, kutunga na kuimba ndiye aliyekuja kuwa jina kubwa la muziki wa Morogoro.

Chombo kilichombeba kilikuwa Radio Tanzania Dar es Salaam, iliyowekwa chini ya Serikali mwaka 1965. Bendi ziliitwa studio, nyimbo zikarekodiwa kwenye kanda, kisha zikarushwa nchi nzima. Santuri za kuuzwa zilitengenezwa Nairobi, lakini umaarufu wa nyumbani ulitoka redioni.

Serikali ya Mwalimu Julius Nyerere iliiona televisheni kuwa anasa ambayo ingewanufaisha watu wachache wa mijini wenye uwezo wa kuinunua, ilhali redio ilimfikia mkulima popote alipo. Hoja hiyo ilikuwa na uzito katika nchi maskini. Hata hivyo, kwa sababu yake, kizazi kizima cha wanamuziki wa dansi kilipiga muziki bila kamera ya televisheni mbele yake.

Mwanamuziki asiyeonekana hulazimika kuchora kwa maneno, na hapo ndipo Mbaraka alipowazidi wengi. Nyimbo zake zilikuwa simulizi zenye watu, ugomvi, mapenzi na fedha. Pesa Namba Moja na Jogoo la Shamba zilieleweka bila kuhitaji picha. Desemba 25, 1971, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Kleruu, alipouawa, Mbaraka alimtungia wimbo wa maombolezo, na gitaa likafanya kazi ambayo kwingineko ingefanywa na taarifa ya habari yenye picha.

Mwaka 1970 Morogoro Jazz ilisafiri hadi Osaka, Japan, kwenye maonyesho ya dunia ya Expo 70 yaliyohudhuriwa na watu zaidi ya milioni 64. Kwa bendi ya mkoani safari hiyo ilikuwa heshima kubwa, na Mbaraka akaitungia wimbo. Hivyo watu wa upande wa pili wa dunia walipata nafasi ya kumwona akipiga gitaa, wakati maelfu ya mashabiki wake wa Rungwe, Songea au Kigoma waliendelea kumjua kwa sauti.

Mwaka 1973 aliondoka Morogoro Jazz na kuunda bendi yake, Super Volcano. Aliimarisha kazi zake nchini Kenya, na wimbo wa Shida ukawa miongoni mwa nyimbo zilizopendwa mno Afrika Mashariki. Huko huko Kenya, Januari 1979, alifariki dunia kwa ajali ya gari mjini Mombasa, kama alivyofariki Salum Abdallah miaka 14 kabla yake. Alikuwa na umri wa miaka 34.

Vituo binafsi vilipoanza kurusha matangazo Bara mwaka 1994, wakongwe wa dansi waliokuwa hai walipata nafasi ya kuonekana. Mbaraka hakuwapo. Urithi wake ulibaki kwenye santuri, picha chache za mnato na kanda za Radio Tanzania, zilizorithiwa na Shirika la Utangazaji Tanzania.

Kijana wa Tukuyu wa leo humwona msanii kwenye simu kabla hata ya kuusikia wimbo wake wote. Kwa Mbaraka Mwinshehe hana budi kufanya kama babu yake alivyofanya: kufungua redio, kutega sikio, na kuijenga sura ya mpiga gitaa huyo kwa mawazo yake mwenyewe. Kanda hizo zikiharibika, hakuna filamu itakayochukua nafasi yake.