Stendhal na Mji wa Milano

Henri Beyle, ambaye katika fasihi anajulikana zaidi kwa lakabu ya Stendhal, alizaliwa Grenoble, Ufaransa, mwaka 1783 na akafariki Paris mwaka 1842. Hata hivyo, kaburi lake huko Montmartre limeandikwa kwa Kiitalia, nalo linamtambulisha kuwa Arrigo Beyle, mtu wa Milano. Maneno hayo aliyaagiza mwenyewe. Kwa mwanaisimu, inafaa kuzingatia kwamba hata jina alilopewa na wazazi wake limegeuzwa lugha. Ni rahisi kuuona huo kuwa mzaha wa mtu aliyependa lakabu; maisha yake yanaonyesha vinginevyo.

Aliingia Milano mwaka 1800, akiwa na umri wa miaka 17, akilifuata jeshi la Bonaparte. Huko alimpenda Angela Pietragrua, wala hakuthubutu kumwambia. Aliporudi mwaka 1811 bibi huyo hakumtambua mara moja. Lakini tarehe 21 Septemba alimkubali, naye Beyle akaiandika tarehe hiyo kwenye mikanda ya begani ya suruali yake. Uhusiano huo ulivunjika mwaka 1815.

Mapenzi yake kwa mji hayakuvunjika. Baada ya kuanguka kwa Napoleon mwaka 1814 alikwisha kuhamia Milano, ambako aliishi hadi 1821, jioni zake nyingi zikipita katika jumba la opera la Scala. Mwaka 1818 alimpenda Métilde Dembowski, ambaye hakumpa nafasi, na kutokana na uchungu huo kikazaliwa kitabu chake kuhusu mapenzi, kilichotoka mwaka 1822. Wakati huo alikuwa amekwisha kuondoka, akishukiwa na polisi wa Austria, dola iliyoutawala mji. Métilde alifariki mwaka 1825. Beyle alirudi mwanzoni mwa 1828 hata hivyo, na polisi wakamfukuza. Kwa maoni yetu, safari hiyo ndiyo ushahidi mzito kuliko kaburi: aliyependwa hayupo, mji bado unafuatwa.

Tangu hapo Milano ikabaki katika maandishi. Riwaya ya La Chartreuse de Parme, aliyoitunga kwa muda usiotimia miezi miwili mwaka 1838, inaanza na Wafaransa kuingia Milano mwaka 1796, tukio ambalo hakulishuhudia. Tawasifu yake, Vie de Henry Brulard, aliyoianza mwaka 1835, inafika Milano ya mwaka 1800, na hapo anakiri kwamba furaha ile haielezeki. Hakuiendeleza tena.